Filamu ya mashua na siko seli, Lamu: shajara ya kazi tangu mswada hadi uhariri

9 Novemba 2024: Mswada wa kwanza

Tunatengeneza filamu ya dakika kama arobaini kuhusu kijana wa Shela, kijiji cha kisiwa cha Lamu, baharia wa mashua za mashindano, anayeishi na siko seli, ugonjwa ambao wenzetu wa Tanzania wanauita selimundu. Katika hadithi anaitwa Shee. Shajara hii tunaiweka wazi ili kikundi chochote cha pwani kinachotaka kupiga filamu baharini kwa fedha kidogo kipate pa kuanzia.

Mswada uko tayari. Shee anaanguka katikati ya mashindano, daktari anasema amebakiza miezi sita, mama analia, kijana anarudi baharini mara ya mwisho, mashua yao inashinda, naye anafariki jua likizama. Kabla ya kukodi chochote tutaupeleka kwa mtu anayeujua ugonjwa huu kwa mwili wake.

Gharama hadi leo: karatasi na uchapishaji, shilingi 850.

23 Novemba 2024: Mswada umevunjwa

Tumempata mshauri, dada wa mtaa wa Langoni aliyezaliwa na siko seli na ambaye sasa anafundisha watoto. Jina lake ameomba lisiandikwe. Alisoma kurasa zote, akazirudisha mezani, akauliza: "Huyu daktari wenu, hiyo miezi sita kaipata wapi?"

Hakuna aliyekuwa na jibu, kwa sababu jibu halipo. Siko seli haina tarehe kama hiyo. Mtu anazaliwa nayo. Chembe nyekundu za damu zikiishiwa oksijeni, himoglobini yake, protini inayobeba oksijeni, hushikana nyuzi nyuzi ndani ya chembe, chembe ikapinda kama mundu na kuwa ngumu, ikaziba mishipa midogo. Hapo ndipo maumivu yanapotoka. Chembe ya kawaida huishi siku 120 hivi; iliyopinda huishi siku 10 hadi 20, ndiyo maana upungufu wa damu hauishi. Lakini mtu huyo huyo anaweza kukaa wiki au miezi akifanya kazi, akisoma, akicheza, kisha kiu, baridi, uchovu au homa ya malaria ikamwangusha. Tena siku hizi zipo dawa: haidroksiurea hupunguza vipindi vya maumivu, foliki asidi husaidia kutengeneza damu, na watoto wadogo hupewa penisilini hadi umri wa miaka 5 kuwakinga na maambukizi. Mswada wetu haukuwa na hata kidonge kimoja. Kijana alikuwa anaumwa na kufa, katikati hakuna kitu.

Jambo la pili lilikuwa maumivu yenyewe. Mwigizaji wetu alikuwa amefanya mazoezi ya kupiga kelele na kujitupa chini. Dada alimtazama hadi mwisho, kisha akaketi ukingoni mwa kitanda, akashika ubao wa kitanda kwa mikono miwili, akainamisha kichwa na kutulia. Pumzi fupi fupi. Tulipomwita, alijibu kwa kutikisa kidole kimoja tu, mkono haukuachia ubao. "Siku ya kwanza mtu hulia," alituambia baadaye. "Siku ya tatu hana nguvu za kulia, na mgeni akiingia anadhani umepona."

Tukio zima tumeliandika upya kutokana na hilo. Kelele zimeondoka zote. Kwa yeyote anayeandika filamu ya mgonjwa: lipa mshauri kabla hujalipa kamera. Sisi tumempa shilingi 10,000 kwa mswada, na kwa maoni yangu hakuna pesa yetu iliyofanya kazi kubwa kuliko hiyo.

7 Desemba 2024: Kijana atafanya nini mashuani?

Mswada wa pili ulikwama hapa. Mchezo wenyewe ni wa nguvu: mabaharia wanapanda ubao uliotokezwa nje upande wa upepo ili uzito wao uizuie mashua isilale, wengine wanavuta demani, kamba ya kukazia tanga, mwingine anafua maji, yaani anayachota na kuyamwaga nje, bila kupumzika. Wote wameloa, na upepo wa kaskazi unapiga mwili ulioloa. Ukitaka orodha ya mambo yanayoamsha maumivu ya siko seli, ni hayo hayo: uchovu, kiu, ubaridi. Je, filamu imwambie kijana wa aina hii kwamba akijitia moyo ataweza? Dada alikataa kabisa, nasi tuko pamoja naye. Nimeona filamu nyingi za michezo ambamo ushindi unakuwa dawa. Mzazi mwenye mtoto anayeumwa anatoka pale akidhani mwanawe hajajikaza vya kutosha.

Aliyetufungulia njia ni nahodha mzee wa Shela ambaye tulimwendea kwa ajili ya kukodi mashua tu. Alisikiliza hadithi, akasema, "Mwanangu, mtu wa usukani hatumii nguvu. Anatumia mato." Mato ni macho. Nahodha hukaa mahali pamoja, anasoma upepo juu ya maji, anajua fungu la mchanga liko wapi, anaamua wakati wa kubisha, yaani kugeuza mashua na tanga ili kwenda dhidi ya upepo. Anaweza kuvaa nguo kavu na kuwa na chupa ya maji mguuni.

Basi hadithi imegeuka. Shee ni mtu wa ubao, kijana hodari. Nyonga yake inaanza kuuma, naye anaficha. Kwa siko seli damu ikikosa kufika kwenye kichwa cha mfupa wa paja, mfupa huo hufa polepole, na jambo hili huwapata vijana wengi. Ubao hauwezi tena. Nusu ya pili ya filamu ni kijana anayejifunza usukani kwa mzee aliyezoea kufundisha kwa kukemea, na hakuna anayeshinda ugonjwa.

Limebaki suala la wazazi. Mswada wa kwanza ulikuwa na baba anayemlaumu mama kwa "damu yenu". Maneno hayo yanasemwa majumbani, kwa hiyo tumeyaacha, ila yanafuatwa na kliniki. Mtoto hupata siko seli akirithi chembe za urithi za ugonjwa huu kutoka pande zote mbili. Baba na mama wakiwa wabebaji, yaani kila mmoja ana chembe moja tu bila kuugua, kila mimba ina nafasi 1 kati ya 4. Baba anasoma karatasi ya majibu yake mwenyewe, anaikunja, anaitia mfukoni. Hasemi kitu. Tulikuwa na hotuba ya daktari ya dakika tatu kueleza kwa nini ugonjwa huu uko sana pwani, na kwamba Anthony Allison, daktari aliyekulia Kenya, alionyesha mwaka 1954 kuwa mbebaji wa chembe hii ya urithi hupata kinga dhidi ya malaria kali, ndiyo maana imekaa sana kwenye nchi za mbu. Ni habari nzuri lakini iliua tukio. Imebaki sentensi mbili, anazisema muuguzi huku akifunga faili.

21 Desemba 2024: Mashua, vibali, na droni tuliyoiacha

Kukodi mashua moja pamoja na mabaharia wake ni shilingi 7,000 kwa asubuhi. Tunahitaji mbili, moja ya Shee na moja ya kushindana nayo. Boti la injini la kubebea kamera ni shilingi 3,500, petroli juu yetu. Majaketi ya uokozi tumeazima kwa watu wa utalii. Vibali vya kupigia filamu tumeviomba mapema. Msianze kukodi chochote kabla havijatoka.

Droni tuliitaka sana. Inahitaji idhini ya mamlaka ya usafiri wa anga, na kiwanja cha ndege cha Manda kiko pale pale ng'ambo ya mkondo. Badala ya kuingia kwenye mzunguko huo tulipanda vilima vya mchanga vya Shela na lenzi ndefu. Kutoka juu pale mashua mbili zinaonekana zikitoka mkondoni, na weupe wa tanga unakaa vizuri juu ya maji. Haikutugharimu kitu isipokuwa jasho la kubeba vyombo.

4 Januari 2025: Sauti imekufa

Tulijaribu kwanza kupiga picha katika mashindano halisi, tukitumaini kupata shangwe za watu bure. Picha za umati ni nzuri, nazo tutazitumia. Za mashua hazifai: mashindano hayarudiwi kwa ajili ya kamera, na kila nahodha anafuata upepo wake.

Kisha tukatoka na mashua zetu. Picha nzuri, sauti hakuna. Kipaza sauti kidogo cha kwenye kola kilinasa upepo na mpapatiko wa tanga tu. Tulikivisha sponji, haikusaidia. Tukashona mfuko kwa kipande cha blanketi la mtoto lenye manyoya marefu, hapo upepo ukapungua na maneno yakaanza kusikika, lakini foromali, boriti inayobeba tanga, ikilia na mtu anayefua maji akigonga kata kwenye mbao, mazungumzo yanazama.

Suluhisho: mazungumzo yote ya baharini yatarekodiwa upya nyumbani, na baharini tunanasa sauti za chombo peke yake, tanga, maji, kamba, bila mtu kusema. Tumejifunza pia kumwomba kila mwigizaji arudie maneno yake mara mbili ufukweni mara tu anaposhuka, angali na pumzi ya baharini. Rekodi hizo zimeokoa sehemu kubwa.

15 Januari 2025: Maji yamepwa

Tukio la ufukweni ambapo Shee anashindwa kuruka kutoka mashuani lilihitaji asubuhi mbili. Asubuhi ya kwanza ilikuwa nzuri. Ya pili, saa ile ile, mahali pale pale, maji hayakuwa yale. Bahari huchelewa karibu dakika 50 kila siku, na mwezi ulikuwa mpevu juzi, kwa hiyo ni bamvua, siku za maji kujaa na kupwa sana: karibu saa tano asubuhi maji yamekwenda mbali, mafungu yako nje, mashua imelala ubavu. Katika picha ya kwanza kijana yuko kwenye maji ya kiuno. Katika ya pili angerukia mchanga.

Hakuna ujanja wa kuhariri unaotatua hilo. Tuliwaachia mabaharia waende, tukalipa nusu siku, shilingi 7,000 kwa mashua mbili. Nahodha mzee alitupa hesabu ambayo kila mtu wa hapa anaijua na sisi hatukuiweka kwenye ratiba: subiri bamvua nyingine, wiki mbili hivi, maji yatarudi saa ile ile. Sasa ratiba yetu ina safu ya mwezi na maji kabla ya safu ya waigizaji.

1 Februari 2025: Tukio limekamilika, kamera imeharibika

Mwezi mwandamo, bamvua imerudi, tukamaliza. Maji yalikuwa pale pale kiunoni.

Ila chumvi imetupata. Si wimbi, ni ule unyevu wa hewani unaokauka juu ya kila kitu. Kamera ya pili ilianza kukataa kadi, kisha ikazima. Safari yake: boti hadi Mokowe, basi hadi Mombasa, fundi akafungua na kukuta kutu ya kijani kwenye mguso wa betri. Matengenezo shilingi 9,500, nauli na usafirishaji 3,800. Tangu hapo kamera inafungwa kwenye mfuko wa mpira unaozibwa, na kila jioni inapanguswa kwa kitambaa chenye maji baridi kidogo, kisha kikavu, kisha inalala kwenye ndoo yenye mfuniko pamoja na mkaa mkavu.

Lenzi za macho za rangi ya njano nazo tumeziacha. Tulitaka Shee aonekane na macho yaliyobadilika, maana chembe zinazovunjika haraka huacha manjano machoni. Maji ya chumvi yalimwasha mwigizaji akashindwa kufungua macho. Hilo litafanyika kwa rangi wakati wa uhariri.

20 Februari 2025: Wodi kwenye ghorofa

Hatukupata ruhusa ya kupiga filamu kwenye wodi halisi, na tunaelewa sababu: wagonjwa wana haki ya faragha. Tumetengeneza wodi yetu kwenye chumba cha juu cha nyumba ya mawe huko Mkomani. Kuta nene zinazuia sauti za njiani. Zidaka, vishubaka vya ukutani, tulizifunika kwa shuka nyeupe. Kitanda cha chuma cha kuazima, stendi ya dripu imeundwa na fundi wa mageti kwa shilingi 1,800.

Kazi kubwa ilikuwa mfuko wa damu. Sharubati ya rozela ilionekana kama sharubati. Tuliongeza kahawa nzito, ikawa ya kahawia. Mwishowe rozela iliyochemshwa hadi ikapungua, pamoja na tone la rangi ya chakula ya buluu, ikatoa ule wekundu mzito. Tulipofika hapo muuguzi aliyetusaidia akaja kutazama na kusema, "Kwa nini mmemtundikia damu?" Si kila anayelazwa kwa maumivu ya siko seli hupewa damu. Anapewa maji, dawa za maumivu, wakati mwingine morfini, na oksijeni ikihitajika. Damu huongezwa kwa sababu maalumu, kama upungufu mkali, kwani ikiongezwa ovyo ovyo madini ya chuma hujaa mwilini na kuharibu viungo.

Mfuko ukashuka, ikapanda dripu ya maji. Damu yetu imebaki kwa tukio moja tu, la Shee akiwa mdogo baada ya malaria, na hapo muuguzi aliridhika. Alirekebisha vingine pia: plasta ya dripu ilivyokaa, mama anakaa upande gani wa kitanda, na kwamba mama aliyezoea huja na chupa ya maji ya moto na khanga ya kumkandia mtoto, hakai akilia mlangoni. Mama wa filamu sasa anakanda goti la mwanawe huku akizungumza na jirani habari za bei ya samaki. Ni tukio ninalolipenda kuliko yote.

Ramadhani inakaribia, tunasimama hadi baada ya Idi.

12 Aprili 2025: Uhariri na sauti

Mazungumzo ya baharini tumeyarekodi usiku, kati ya Isha na alfajiri, kwenye chumba kilichozungushiwa magodoro. Punda ndio tatizo pekee. Hao hawana saa. Waigizaji walikaa kwenye ubao uliowekwa juu ya mito ili mwili utikisike, la sivyo sauti inatoka ya mtu aliyeketi sebuleni. Chai na maandazi ya usiku, shilingi 2,400.

Macho ya manjano yamefanikiwa kwa rangi kidogo sana. Mara ya kwanza ilizidi, akawa kama zimwi. Mshauri alikaa kando ya mhariri akisema punguza, punguza, hadi kikabaki kitu ambacho mtazamaji anakihisi kabla hajakiona.

3 Mei 2025: Onyesho la majaribio

Tulitundika shuka ukutani, tukawaita mabaharia, wazazi wachache wenye watoto wa siko seli, na muuguzi wetu.

Wazazi walinyamaza muda mrefu. Mama mmoja alisema jambo moja tu, kwamba chupa ya maji ionekane zaidi, kwa sababu mwanawe shuleni hukatazwa kutoka kunywa. Tumeongeza picha mbili za chupa.

Mabaharia ndio waliokuwa wakali. Mwishoni mwa filamu nyonga ya Shee inamzidi katikati ya mashindano, naye anamkabidhi mdogo wake usukani. Tulilipiga wakati mashua inabisha kuelekea mjini, kwa sababu hapo ndipo kuna vurugu na picha ni nzuri. Nahodha mzee alisimama kabla taa hazijawashwa. "Hakuna mtu anayeacha usukani tanga likihamishwa. Hapo foromali inazungushwa mlingoti, kila mkono una kazi. Mtazama majini wote." Wenzake wakaitikia. Kukabidhiana kunawezekana wakati wa kurudi Shela, upepo ukiwa tezi, yaani nyuma, na mashua imetulia.

Alisema kweli, na filamu ambayo baharia wa Shela haiamini haifai kutoka Lamu.

24 Mei 2025: Kusi, na picha iliyogeuzwa

Ugumu: tukio linapaswa kupigwa mashua ikielekea Shela kwa upepo wa nyuma. Mwezi wa Mei kaskazi imekwisha, kusi, upepo wa kusini, imeshika. Ukielekea Shela sasa unakutana na upepo usoni. Kungoja kaskazi ni kungoja Desemba, na mwigizaji wetu anaondoka kwenda chuo.

Tulichora mkondo kwenye karatasi, Lamu upande mmoja, Manda upande mwingine, mishale ya upepo juu yake. Ndipo ikaonekana. Kwa kusi, upepo wa nyuma unaupata ukitoka Shela kwenda mjini. Ukipiga picha hiyo kisha ukaigeuza kama kwenye kioo, mashua inaonekana inaelekea Shela. Manda inabaki upande wake, jua la asubuhi linabaki mashariki, na tanga limelalia upande ule ule ambao kaskazi ingelilaza. Kusi na kaskazi, kwa mkondo huu, ni kama kiganja cha kulia na cha kushoto.

Vilivyobaki ni vidogo lakini vinaumbua. Jina la mashua tulilifunika kwa gunia. Mwigizaji alishika usukani kwa mkono wa kushoto ili kwenye kioo uwe wa kulia. Vifungo vya shati vilihamishwa upande wa pili, na mdogo wake alivuliwa saa. Kovu la shavuni la baharia mmoja lilikuwa litahama, tukamketisha akitupa mgongo. Mvua ilitunyima asubuhi ya kwanza. Ya pili tulipata mwanga wa kutosha.

Gharama ya tukio hili: mashua moja 7,000, boti na petroli 6,200, fundi cherehani 300. Jumla ya filamu hadi leo inakaribia shilingi 180,000, karibu nusu yake ikiwa ni mashua, maboti na petroli.

Nahodha ameitazama picha iliyogeuzwa mara mbili, akauliza ilipigwa lini, kwani anaona ni kaskazi. Hatukubadilisha kitu tena.

Kazi iliyobaki: maandishi ya chini kwa Kiswahili sanifu, maana waigizaji wanazungumza Kiamu, lahaja ya Lamu, kusawazisha sauti, kupeleka nakala kwa bodi ya uainishaji wa filamu. Mshauri ameomba kwamba, kibali kikitoka kwa wakati, onyesho la kwanza la wazi liwe 19 Juni, siku ya siko seli duniani. Mwaka huu ni Alhamisi. Tumepanga iwe baada ya Isha, viti vya mbele viwe vya wazazi na watoto wao, na pipa la maji ya kunywa liwekwe mlangoni.